Sekunde Arobaini za Marieta

Kwenye ukoo wetu wanawake walioolewa hawasemi "basi". Baba yangu aliitwa Gidabasi, na kwetu sisi Wabarbaig mke hatamki jina la baba mkwe wake, wala neno lolote linalolia kama jina hilo. Zamani, watu walipozungumza kilugha tu, haikuwa kazi. Kiswahili kilipoingia na shule na mnada, ikawa kazi. Wake zetu wakawa wanapanda "gari la saa nne". Kijiji cha Basotu wakakiita "kule ziwani". Ukimmiminia chai ikamtosha, mke wa kwetu anasema "imetosha", au anafunika kikombe kwa kiganja. Hata mwalimu aliyeletwa kutoka Songea kufundisha Dirma, jina lake Basili, walimwita Mwalimu wa Songea mpaka akahamishwa, na mwenyewe alidhani wanamheshimu kwa kumtajia kwao.

Watoto wa siku hizi wanacheka, lakini si jambo dogo. Mke akitamka jina hilo amemtukana mkwe. Akilitamka mkwe akiwa chini na udongo wake bado mbichi, hapo hakuna pa kumweka.

Mke wangu Marieta aliondoka kwetu kwa neno hilo. Mimi ndiye niliyesema kwamba amelitamka.

Mwaka tisini na nne tulimfanyia baba bung'eda, yale mazishi ya mzee mkubwa ambayo hayaishi kwa siku moja. Kilima cha fito na udongo hujengwa juu ya kaburi kwa miezi, na siku ya kukifunga watu hutoka kila upande. Mwalimu Basili alikuja siku hiyo na kamera kubwa ya begani aliyoazimwa na padri, akapiga video kutwa nzima. Kesho yake asubuhi nikasimama mbele ya wazee nikasema: mke wangu, alipohojiwa na mwalimu, amesema "basi" mara mbili, kilima cha baba kikiwa mbele ya macho yake.

Marieta alikataa. Alisema yeye alisema "imetosha". Jana yake palikuwa na kelele, na waliosimama karibu walikuwa wameshiba pombe ya asali. Wazee wakabishana tangu asubuhi kama neno la Kiswahili linahesabiwa. Mzee mmoja akawamalizia: sauti ni sauti. Mwalimu angeweza kueleza, ila alikuwa amedandia lori alfajiri kwenda likizo kwao, na huko huko akapangiwa shule nyingine. Kamera aliirudisha kwa padri akiwa njiani. Kanda akaondoka nayo.

Marieta akarudi kwao Hirbadaw na mtoto wetu Frida, wa miaka minne. Mama yake alimpa pa kulala, mkono wa salamu hakumpa. Mimi watu walinihurumia. Mtu aliyetukaniwa baba yake! Walinichomea nyama ya njiani, wakanisindikiza hadi barabarani. Nikaenda Mererani kwenye mawe ya tanzanite, nikaenda Kahama, Tabora, Mpanda. Shule yenyewe nilisoma vipande, darasa la pili hapa, la nne kule, na maisha nikayafanya hivyo hivyo. Kila nilipolala, wakiniuliza mzee mke wako yuko wapi, niliwasimulia. Niliigiza hata sauti yake akisema lile neno. Watu walitikisa vichwa wakanipa sehemu nzuri karibu na moto.

Mwaka juzi miguu ilianza kuvimba, nikarudi. Frida sasa ni mwalimu hapo Dirma, ana mume, Sylvester, na nyumba ya bati. Alinipa chumba cha uani. Upande wa pili wa uani kuna nyumba ndogo, ndimo anamoishi mama yake. Marieta alinisalimia kama anavyosalimiwa mgeni wa mwenye nyumba. Siku ya tatu nikamsikia anamwambia muuza mkaa, "Imetosha, usiongeze." Siku nyingine anamuuliza Frida kama gari la saa nne limepita. Miaka thelathini ukoo wetu umemtupa, na jina la baba yangu bado analikwepa.

Nilisikia. Nikaingia chumbani kwangu.

Halafu kanda ikaja. Mwalimu Basili alifariki huko Songea, na mwanawe alipopekua masanduku akakuta kanda imeandikwa "Mazishi ya Gidabasi, Dirma". Akaituma shuleni kama kifurushi, ikaangukia mikononi mwa Frida. Frida akaipeleka Mbulu mjini kwa dada mmoja mwenye studio, aitoe kwenye kanda aitie kwenye flashi. Ilipokuwa tayari akaniambia, "Baba, wewe ndiye mtu wa kutembea. Nenda kanichukulie. Mama anasubiri sehemu moja tu humo, nadhani unaijua."

"Naijua," nikasema.

"Bibi amekufa hajampa mkono. Miaka saba sasa. Mama anataka asikie hiyo sauti, hata kama ni yeye na sisi tu."

Ningeweza kumwambia pale pale. Nilikwenda kutafuta koti, maana Mbulu kuna baridi.

Yule dada wa studio anaitwa Jenifa. Chumba chake kiko nyuma ya maduka, kuna kompyuta mbili na deki ya zamani imefunguliwa mfuniko.

"Shikamoo babu."

"Marahaba. Nimetumwa na Madam Frida wa Dirma."

"Ee, wa ile kanda! Ilikuwa na ukungu hiyo, nimeifuta kwa spiriti na pamba siku mbili. Babu, wewe Mmang'ati?"

"Mbarbaig."

"Si ndiyo hao hao?"

"Na wewe Mmbulu ukiitwa mtu wa mlimani utafurahi?"

Akacheka. "Haya, yaishe. Kaa uangalie kama imekaa sawa."

Nikakaa. Picha ilikuwa na mvua mvua, rangi imekwenda kwenye ukijani, lakini watu walikuwa watu. Niliwaona wazee wangu wakiwa hai. Nikaona kilima cha baba. Kisha nikamwona Marieta, mrefu, na bangili zake, kamera inamsogelea. Sauti ya Mwalimu ikasema, "Mama, hebu tuambie, marehemu anaitwa nani?" Mtu wa Songea angejuaje? Alimuuliza mkwe wa kike jina la mkwe wake. Marieta akaficha mdomo kwa vazi lake la ngozi, akacheka kidogo. "Huyo ni mzazi wa mwenye nyumba yangu." Mwalimu: "Lakini jina lake?" Marieta akasema, taratibu na wazi kabisa, "Imetosha, Mwalimu. Imetosha."

Hapo ikaingia sauti ya mwanaume nyuma ya kamera. "Mwambie basi! Mwambie basi, basi!" Kamera ikageuka. Nikajiona. Nina kibuyu mkononi, nacheka mpaka nimeinama, namwelekezea mke wangu kidole. Marieta ananiangalia. Hakukasirika. Aliniangalia kama mtu anayesubiri mwenzake amalize mzaha, warudi kwenye shughuli.

Miaka yote nilijua kwamba nilisema uongo. Lakini nilikuwa nimesahau kwamba neno lenyewe lilitoka kinywani mwangu. Nadhani asubuhi ile bado lilikuwa kichwani, ndiyo maana likawa jepesi kumvisha. Nilitaka kuondoka, kijana mwenye ng'ombe wa urithi, masikio yamejaa habari za mawe ya Mererani, na sikuwa na sababu ya kumwacha mwanamke asiye na kosa.

"Huyu mlevi anakuharibia sherehe," Jenifa akasema.

"Ndiyo. Hapa pana aibu ya familia. Nikatie."

"Nikate wapi?"

"Huyo mama akishainua vazi mdomoni, mpaka huyo mlevi anapotoka."

Akasogeza sogeza. "Sekunde arobaini. Madam ameridhia?"

"Yeye ndiye kaniagiza."

Akaniangalia, akaangalia kioo, akaniangalia tena. Nikashusha kofia. Akakata.

Tuliitazama Jumapili baada ya misa, sebuleni kwa Frida. Walikuwepo Frida na Sylvester, na shemeji yangu Imakulata, mjane wa kaka yangu, mzee kuliko sisi wote. Marieta aliweka kigoda chake karibu na tivi mpaka Sylvester akamwambia, "Mama, utaingia ndani ya hiyo tivi." Alikuwa amevaa gauni lake la Pasaka.

Mwanzoni kilikuwa kicheko. "Yule si Vitalis? Angalia meno yake yote!" "Na yalikwenda wapi?" "Yameliwa na sukari." Imakulata alimwona mume wake akipita na mkuki, akasema, "Simamisha hapo," Frida akasimamisha, na picha ikakaa hapo mpaka mwenyewe aliposema, "Haya, mwache aende."

Kisha akaja Marieta. Nilimwona Marieta wa kigodani akikaa wima. Kamera ikamsogelea yule wa kwenye tivi, akainua vazi kuelekea mdomoni. Picha ikaruka. Wakaonekana wazee wanamwagia kilima maziwa.

"Rudisha," Marieta akasema.

Frida akarudisha. Vazi, mdomo, wazee.

"Rudisha tena."

Mara tatu. Mara ya nne Frida akasema kwa upole, "Mama, haipo. Nadhani kanda iliharibika hapo."

Marieta hakulia. Nilitegemea alie, au anigeukie. Alikaa ameweka mikono magotini, akiangalia wale wazee wakimaliza kumwaga maziwa. Halafu akasema, "Labda nilisema."

"Mama!"

"Labda nilisema, Frida. Mtu anayebisha peke yake miaka yote hii, anajuaje? Watu wote walisema nilisema. Mama yangu mwenyewe. Labda ulimi uliteleza na mimi sikusikia." Akajifuta midomo kwa ncha ya khanga. "Mama alikuwa sahihi kuninyima mkono."

Nimelala porini na fisi, nimechimbuliwa kutoka shimo lililobomoka Mererani nikiwa hai, na sijawahi kuogopa kama nilivyoogopa pale kwenye kochi lenye kitambaa cha kufumwa. Hakuna aliyekuwa ananishuku. Ningenyamaza dakika moja zaidi, mambo yangekwisha. Marieta angejihukumu mwenyewe, na mimi ningekunywa chai.

"Nimekata mimi," nikasema.

Frida akageuka. "Umekata nini, baba?"

"Hiyo sehemu. Kule Mbulu. Nilimwambia dada aikate."

"Kwa nini?"

Nikaeleza. Nilieleza vibaya, nikianza na Mwalimu, nikarudi kwenye kibuyu, nikaingiza Mererani. Imakulata akanikatiza. "Nicodemo. Alisema au hakusema?"

"Hakusema. Alisema imetosha. Mimi ndiye niliyepiga kelele basi, basi. Nikamtwisha yeye."

Sylvester alitoka nje. Frida alichukua simu, akampigia Jenifa pale pale, sauti ikiwa juu. "Madam, samahani," Jenifa akasema, "mzee alisema ni agizo lako. Lakini sijafuta, ninayo yote. Subiri." Tukasubiri mtandao. Kigurudumu kilizunguka kwenye simu, na katika kusubiri huko hakuna aliyeniangalia.

Video ilipofika, Frida alimpa mama yake simu mkononi. Marieta aliishika mbali na macho. Akajisikia. "Imetosha, Mwalimu. Imetosha." Kisha kelele zangu. Akairudisha, akasikiliza tena, akiwa ameisogeza sikioni kama mtu anayepokea habari kutoka mbali.

"Nilikuwa na sauti nyembamba hivi?" akauliza.

"Ulikuwa nayo," Imakulata akasema. "Ulikuwa unatuumiza masikio kisimani."

Wakacheka, wawili wale, vikongwe wawili wenye simu moja. Mimi sikuwemo. Frida akanijia mpaka karibu, akainama kama anavyoinama kusalimia, akasema polepole, "Kesho asubuhi shikamoo yangu usiisubiri."

Hajanipa hadi leo ninapoandika.

Siku ya nne wanawake wakakaa kikao. Kwetu wanawake wana kikao chao, na mwanaume aliyemkosea mwanamke huitwa akasimama mbali, akasikia atakachoambiwa. Mimi nilishuhudia wanaume wengine wakiitwa nikawacheka. Walikuwa kama thelathini, wengine wake wa wajukuu wa baba, wasichana walioolewa juzi ambao hawakuwahi hata kumwona Gidabasi na bado hawalisemi jina lake. Mmoja akaniuliza mbele ya wenzake, "Babu, mimi nikienda Katesh nasimama juani kwa kuogopa kumuuliza kondakta, nisije nikalitaja jina la gari lake. Kumbe wewe neno hilo ulikuwa unalichezea kwenye pombe?"



"Kosa kama hili ni dume la ng'ombe," mwingine akasema.

"Dume lipi? Huyu hana hata kuku."

"Alipe mwanawe."

"Mwanawe ni mtoto wa Marieta. Unataka Marieta ajilipe?"

Imakulata akanyoosha fimbo. "Kwani alipokuwa anaisambaza hiyo habari alitumia ng'ombe? Alitumia miguu na mdomo. Vyote bado anavyo. Aende nyumba kwa nyumba, kila alikoisema aiseme upya. Asisindikizwe, asichomewe nyama."

"Na aliyekosewa mwenyewe anasemaje?" wakamuuliza Marieta.

Marieta alikuwa anatoa majani yaliyonasa kwenye pindo la gauni. "Aanze kwa wa karibu," akasema. "Ila asipofika kwa mama, hizo nyingine ni matembezi tu."

Mama yake yuko kaburini, Hirbadaw. Kila mtu alielewa.

Nikaanza. Nyumba ya kwanza ilikuwa ya Vitalis, yule wa meno. Nilimkuta anapukuchua mahindi kizingitini, nikasema niliyotumwa kusema, nimesimama, daftari ninaloandikia haya likiwa kwapani. Akanisikiliza huku punje zinadondoka.

"Nilijua," akasema.

"Ulijua nini?"

"Nilikuwa nyuma yako siku ile. Wewe ndiye ulipiga kelele. Asubuhi uliposema ni yeye, nikajiuliza, huyu bado amelewa?"

"Mbona hukusema?"

Akatafuta jibu kwenye gunzi. "Wewe ni rika langu, yeye alikuwa mke wa kuja. Halafu ulinipa ndama, ukasema nikuchungie. Hukurudi kumchukua." Akatabasamu kwa ufizi, tabasamu likamfia. "Usiniandike mimi, Nicodemo. Andika lako."

Nimeandika lote.

Nyumba nyingine walinisikiliza wakaendelea na kazi. Nyumba moja wenyewe wamekufa, nikawaambia wapangaji, wakadhani naomba msaada wakaniletea uji. Nyumba nyingine kijana alitoa simu anirekodi, mama yake akamzuia. "Acha. Hao wa kamera wametosha." Siku ya tisa nikafika Hirbadaw.

Ezekiel, mdogo wake Marieta, alikuwa anajua nakuja. Alikuwa amekaa nje, na pembeni yake palikuwa na kigoda kitupu ambacho hakunikaribisha.

"Shemeji," nikasema.

"Mimi si shemeji yako. Sema ulichojia."

Nikasema. Mke wake aliacha kupepeta. Nilipomaliza, Ezekiel aliniuliza kitu kimoja. "Mama aliishi miaka ishirini na tatu baada ya maneno yako. Dada yangu akimletea maji, anayamwaga, anakwenda kuchota yake. Wewe ulikuwa wapi mwaka wa kwanza? Wa kumi?"

"Sehemu mbalimbali."

"Ulimkumbuka?"

Ningeweza kusema ndiyo. "Nilipokuwa nasimulia," nikasema. "Nilikuwa nasimulia vizuri."

Alinyanyuka, akanitangulia nyuma ya zizi. Kaburi la mama mkwe lina mawe tu na kichaka cha miiba juu yake. Kwetu mwanaume hasogei ovyo kwa mama mkwe wake, hata akiwa hai humpisha njia. Nilisimama mbali kidogo, nikavua kofia.

"Hapo mbali," Ezekiel akasema. "Sogea."

Nikasogea.

"Sema. Na useme kwa nguvu, miaka ya mwisho alikuwa hasikii vizuri."

Sikujua kama anatania. Nilimwangalia, hakutania. Mke wake alikuwa amekuja na watu wa jirani walikuwa wanakuja, wakishika njia ya zizini mmoja mmoja. Nikafungua mdomo nikaanza, "Mama, mwanao Marieta hakutukana mtu, mimi Nicodemo ndiye..." Sauti ikakwaruza ikakatika.

"Hajasikia," Ezekiel akasema. "Anza upya."